Mafuta Yenye Kiu

Twahiru wa Nyamirambo, Kigali, hakuwahi hata siku moja kuiba. Yeye alingoja mtu ampe mwenyewe, kwa mikono miwili, na amshukuru juu yake. Kazi hiyo alikuwa ameifanya miaka ishirini na tisa, bila likizo na bila bosi, na sasa alikuwa na miaka arobaini na tisa, kichwa upara mtupu, ndevu nyingi zilizochanwa vizuri, na magoti mabovu.

Magoti ndiyo yaliyoanzisha haya yote. Tapeli hana ruhusa ya kuzeekea mtaa mmoja. Ukiuza dawa ya mende ya unga wa muhogo Nyamirambo leo, wiki ijayo inakubidi uonekane Kimironko, na wiki ya pili yake Kabuga, na huko kote ni vilima. Twahiru alikuwa amevipanda vyote kwa miguu. Sasa alitaka gari. Si gari la kujivunia, gari la kukalia. Alikuwa ameapa kwamba akilipata tu, uongo basi. Atakuwa dereva, atapokea wageni uwanja wa ndege, na hatamdanganya mtu tena, ila labda kidogo kwenye nauli.

Jumanne asubuhi alikuwa akipita Gikondo, kule kwenye magereji, alipomwona mzee Silvère, mlinzi wa ghala, amekaa juu ya dumu la njano akiyatazama madumu mengine kumi na moja kama mtu aliyeachiwa watoto wasio wake.

"Mwaramutse, mzee wangu. Hiyo ni nini?"

"Mafuta," alisema Silvère. "Bosi alikuwa anatengeneza mastiki, ile ya kushika vioo vya madirisha. Biashara imekufa, amerudi kwao. Ameniambia kabla ya Ijumaa ghala iwe safi. Unataka?"

"Mimi? Hapana," alisema Twahiru, ambaye alitaka tangu alipoliona dumu la kwanza. "Lakini wewe nakuonea huruma. Huo mgongo wako utabeba hii yote? Niachie. Alhamisi nakuja kukuondolea, bure."

Silvère akamshukuru. Mnaona kazi inavyofanywa.

Kwenye dumu moja palikuwa na karatasi ya maabara. Panya walikuwa wamekula jina la mafuta na nusu ya ukurasa, wakabakiza mstari mmoja wa Kifaransa wenye neno iodini na namba 184, na chini yake muhuri. Twahiru hakujua maana ya ile namba, lakini muhuri aliujua. Akaibandua karatasi polepole, akajaza kichupa mafuta kidogo, akaenda zake.

Nyamirambo kulikuwa na binti aitwaye Keza, aliyesoma kemia chuo kikuu na sasa anauza dawa kwenye famasi karibu na msikiti. Twahiru akamwekea Fanta mezani.

"Keza mwanangu, hii namba iko ya nini?"

Keza akaiangalia karatasi. "Kipimo cha iodini, baba. Wanapimia mafuta. Ona, mafuta yoyote yametengenezwa na asidi za mafuta, na kila asidi ni kama mnyororo mrefu. Kuna mahali kwenye mnyororo pete zimeshikana mara mbili. Hapo ndipo iodini inadakia. Unachukua gramu mia za mafuta, unaangalia yamekunywa gramu ngapi za iodini. Hiyo ndiyo namba."

"Kwa hiyo mafuta yenyewe haina iodini ndani."

"Hata tone. Ni ile inayoweza kunywa tu. Kiu yake, kama unataka."

"Na mia na themanini na nne iko kiu ya namna gani?"

"Hee. Mafuta ya nazi yanakunywa kama tisa. Mawese, hamsini na kitu. Zeituni, themanini hivi. Alizeti, mia na thelathini."

Twahiru alikuwa anakumbuka bei ya kichupa cha zeituni kwenye duka la Wazungu, na zeituni, maskini, ilipata themanini tu. Yeye darasani hakukaa sana, lakini alichokumbuka ni kwamba mwenye alama nyingi ndiye wa kwanza.

"Lakini sikia, baba," alisema Keza, "ikifika juu namna hiyo, huwezi kuitumia kama..."

"Nipe na chupa ya iodini ya vidonda, ile ya kahawia," alisema Twahiru, na kabla Keza hajamaliza alikuwa ameshaweka pesa mezani na mguu mmoja uko nje. Ndiyo ugonjwa wa watu wanaoishi kwa kusema. Kusikiliza mpaka mwisho huwashinda.

Jumatano akapanda Kagugu, kwa Bayingana. Bayingana alikulia Uganda, alirudi na sanduku moja la vipodozi, na sasa ana duka la mafuta ya ngozi linalolisha saluni nusu ya Gasabo. Alikuwa mtu mnene, mpole, asiyependa kupitwa na faida hata ikiwa imelala barabarani. Nyuma ya nyumba yake, chini ya turubai, lilikaa gari lake la zamani, Carina nyeupe, na Twahiru alilijua hilo gari kama watu wanavyojua nyumba ya mchumba.

Hakusema neno juu ya gari. Aliomba glasi mbili. Katika moja akamimina mafuta ya watoto kutoka rafu ya Bayingana mwenyewe, katika nyingine yale ya kichupa chake. Akadondosha iodini kila glasi, akakoroga, akaanza kuuliza habari za familia. Walipofika kwa shangazi aliyeko Mbarara, mafuta ya duka bado yalikuwa ya kahawia kama chai. Yale ya Twahiru yalikuwa yamerudi rangi yake ya dhahabu, kahawia imepotea kabisa.

"Iko wapi?" aliuliza Bayingana.

"Imekunywa, bosi. Mafuta yako imeshiba, haitaki kitu. Hii yangu iko na kiu. Ukiipaka usoni inakunywa uchafu, inakunywa makunyanzi, inakunywa uzee. Na si maneno yangu, iko kwenye karatasi. Zeituni wamepima, themanini. Hii wamepima, mia na themanini na nne. Muhuri huo hapo."

Bayingana aliinua karatasi kwenye mwanga. "Unauza bei gani, ssebo?"

"Siuzi."

"Kila mtu anauza."

"Mimi ni mtu wa miguu, bosi. Iko madumu kumi na mbili Gikondo na siwezi kuisambaza. Kama ningekuwa na kagari, hata kazee, hata kamelala tu chini ya turubai..." Akapiga magoti yake makofi mawili ya huruma.

Bayingana akatabasamu. "Leta kesho. Tutaona."

Alhamisi Twahiru alifika na madumu yote kumi na mawili kwenye pikapu ya kukodi. Yakaingizwa stoo karibu na geti. Barazani, pamoja na Bayingana, alikuwa amekaa mwanamke wa miaka arobaini hivi, koti jeupe la maabara, miwani, kikombe cha chai mkononi.

"Huyu ndiye mtaalamu," alisema Bayingana. "Madamu Mukasine."

Wataalamu wamevunja biashara nyingi nzuri katika mji huu. Mukasine aliisoma karatasi, akafungua dumu, akanusa, akapaka tone kwenye kioo cha dirisha, akaliangalia kwa muda mrefu.

"Namba iko ya kweli," alisema. "Miaka kumi na tano naangalia mafuta, na sijawahi kuona mafuta ya ngozi yenye namba hii."

Twahiru akapumua. Uwe umeshaona kitu hapo, msomaji: tapeli wa kawaida husema uongo, lakini aliyekomaa husema kweli tupu na kunyamaza mahali panapofaa.

"Basi tumalize," alisema Twahiru. "Mafuta huku, ufunguo huku."

"Polepole," alisema Bayingana. "Sisi nyumbani kwetu mwenye pombe anasogongera kwanza."

Kwa asiyejua: Mnyarwanda akikuletea kibuyu, hunywa yeye wa kwanza mbele ya macho yako, ili ujue hakuna sumu. Hakuna aliyewahi kukataa kusogongera akabaki na heshima yake. Twahiru alilijua hilo kama alivyojua jina la mama yake.

"Ninywe?"

"Ujipake," alisema Mukasine. "Kichwa, uso, ndevu. Koti tatu, tabaka juu ya tabaka, moja kila asubuhi. Hakuna kunawa. Na lazima ukae juani, mafuta haya yanafanya kazi na hewa na mwanga. Ukiwa unang'aa Jumamosi, kila mtu ataona yanachoweza."

"Ukiwa unang'aa Jumamosi," alisema Bayingana, "gari iko yako. Nimesema mbele ya madamu."

Twahiru aliitazama Carina, iliyokuwa imetolewa nyuma na kuegeshwa karibu na geti, na Carina, kwa macho yake, ilimtazama. Siku tatu za kukaa. Mtu mwenye magoti kama yake angezikubali hata bila gari.

"Paka," alisema.

Siku ya kwanza ilikuwa raha. Wakamwekea benchi kwenye uwanja wa nyuma, wakamletea brosheti za nyama ya mbuzi na ndizi. Kichwa kilimeremeta hata ndege wakakikwepa. Wanawake wawili wa jirani walichungulia juu ya ukuta, mmoja akasema, "Yewe, huyu mzee ameoga na nini?" Twahiru akawaambia jina la mafuta, ambalo alilibuni pale pale. Usiku alilala stoo, kando ya madumu yake, akikilaza kichwa juu ya kitambaa ambacho asubuhi kiligoma kutoka.

Siku ya pili, baada ya koti ya pili, nzi walianza kutua na kushindwa kuondoka. Ngozi ilivuta. Lakini siku hiyo wateja walianza kufika. Mukasine aliwaleta mwenyewe, wanaume watatu kwa zamu, na Twahiru alishangaa kidogo kwamba wauza vipodozi wa Kigali wana viganja vigumu na penseli masikioni. Kila mmoja alimzunguka kama anayenunua ng'ombe. Wa mwisho, kijana mrefu mwenye kope za vumbi la mbao, alimgonga utosini kwa kifundo cha kidole, akategesha sikio.

"Gusa, ndugu yangu, gusa bila woga," alisema Twahiru. "Hiyo ngozi iko na miaka arobaini na tisa."

"Haishiki vumbi?"

"Vumbi itashika wapi? Pita na mkono."

"Na maji?"

"Mwaga. Yatateleza kama uongo kwa hakimu."

Wakamwaga kikombe. Yakateleza. Yule kijana akamtazama Mukasine, akatikisa kichwa kwa heshima. "Koti mbili tu?" aliuliza. "Mbili," alisema Mukasine, "na kesho ya tatu." Twahiru alijiona fahari. Katika maisha yake yote hakuwahi kuuza kitu kwa maneno machache kiasi hicho.

Siku ya tatu ilikuwa Jumamosi ya umuganda, kazi ya pamoja ya kila mwisho wa mwezi. Asubuhi mtaa mzima ulikuwa barabarani na majembe na mafagio, na mpaka saa tano hakuna gari lililotikisika. Twahiru aliruhusiwa kubaki kwa kuwa Bayingana alimwambia kiongozi wa mtaa kwamba ana mgonjwa wa ngozi, na kiongozi alipochungulia aliamini mara moja. Koti ya tatu ilikuwa imepakwa alfajiri. Sharubu zilikuwa zimeshikana na ndevu, na ndevu zilikuwa zimekuwa kitu kimoja, kama fagio lililosahauliwa kwenye rangi. Nyusi hazikupanda wala kushuka. Mdomo ulikuwa na nafasi ya kupitisha mrija wa chai, basi.

Aliogopa? Aliogopa. Lakini aliangalia kivuli chake ukutani, akaona mwanga unaruka kichwani mwake, na masharti yalikuwa kung'aa. Hakuna aliyesema lazima atabasamu. Akainyosha shingo akalingoja gari lake.

Mbele ya nyumba, mambo mengine yalikuwa yanaendelea. Mukasine alimvuta Bayingana pembeni.

"Anang'aa," alisema. "Mchana atadai ufunguo."

"Naona," alisema Bayingana kwa huzuni.

"Mafuta yakiwa bado stoo, utampa. Yakiwa yameshaenda kwenye chupa, na nembo yako juu yake, atadai kwa nani? Hana risiti. Nipe gari nipeleke madumu kwa watu wa chupa. Safari mbili tu."

Bayingana alikuwa mtu wa neno lake, na kwa hiyo alifikiri karibu nusu dakika. Kisha akayabeba madumu yeye mwenyewe, kimya kimya, viatu mkononi, ili mshirika wake wa kule nyuma asisikie. Umuganda ulipomalizika tu, Carina ikatoka getini na madumu sita. Baada ya dakika arobaini ikarudi, ikachukua sita mengine, ikaondoka tena.

Saa tisa Bayingana alikuja uwanja wa nyuma, jasho linamtoka.

"Twahiru. Yule mtu wako hapokei simu."

"Ntu yupi?" alisema Twahiru kupitia nafasi ya mrija.

"Mukasine."

"Nukasine ni ntu wako."

"Wangu? Alikuja hapa Alhamisi asubuhi, akasema, 'Nimekuja kwa ajili ya mafuta ya Twahiru, naweza kuyapima.' Nikajua umemtuma wewe, wa maabara ya ile karatasi."

"Wewe unasena, 'Huyu ndiye ntaalanu.' Nikajua unenleta wewe."

Wakatazamana. Kisha Bayingana akamwambia yote, kuhusu gari na madumu na chupa, na Twahiru angependa sana kukasirika, ila uso haukukubali. Ulibaki mpole na unang'aa, kama wa mtakatifu.

Twahiru akatoa simu, akamwekea Bayingana namba ya mzee Silvère, aongee yeye.

"Mukasine?" alisema Silvère. "Namjua. Ananunulia mafundi wa mbao wa Gisozi. Huu ni mwezi wa pili anayatafuta mafuta haya. Alikuja hapa Jumatano jioni, akalia kidogo. Nikamwambia asilie, Twahiru amenipigia simu sasa hivi, anayapeleka Kagugu kwa Bayingana. Nilikosea?"

Walipanda moto mbili, pikipiki za abiria. Dereva wa Twahiru alimpa kofia, kama sheria inavyotaka, na kofia ikaingia kwa shida na ikakaa. Walipofika Gisozi haikutoka. Dereva alivuta, Bayingana akavuta, ikatoka na sauti ya chupa inayozibuliwa. Dereva aliangalia ndani ya kofia yake kwa muda, akadai nauli mara mbili, na hakuna aliyebishana.

Carina ilikuwa pale, imeegeshwa vizuri mbele ya karakana, haina mkwaruzo. Ndani, vitanda na makabati ya mvule yaling'aa kwa safu, na hewa ilinuka kama ndevu za Twahiru. Yule kijana mrefu wa jana akatoka akijipangusa mikono.

"Karibuni. Mimi Ganza. Mama Mukasine aliacha ufunguo," alisema. "Alisema mwenye gari atakuja na kile kichwa."

"Yuko wapi?" aliuliza Bayingana.

"Tulimlipa, akaenda. Alisema ana safari ya Rubavu, au Bukavu. Tulikuwa na kelele ya randa."

Bayingana akaupokea ufunguo. Akaubana kiganjani, akamtazama Twahiru, na Twahiru akaielewa sura hiyo kabla ya maneno, kwa kuwa ameiona kwenye kioo chake mwenyewe maisha yote.

"Tuliahidiana," alisema Twahiru. "Nang'aa."

"Unang'aa, sikatai," alisema Bayingana. "Lakini tulikubaliana mafuta kwa gari. Mafuta iko wapi, sha? Hakuna mafuta, hakuna gari."

Siku nyingine yoyote, Twahiru angemjibu. Angeanza na dini, apite kwenye urafiki, agusie watoto, na kufika jioni angekuwa ameondoka na gari na tenki limejazwa. Maneno yote hayo alikuwa nayo. Alihitaji tu mdomo wa kuyatolea. Alifanikiwa kusema "Nzee", halafu "Nzee" tena, na Carina ikawashwa, ikakata kona, ikaanza kupanda kuelekea Kagugu bila haraka.

Ganza alimletea kigoda.

"Kwani hukujua hii mafuta ni ya nini?" aliuliza. "Ni mafuta ya mbegu za kitani. Sisi mafundi hatuulizi rangi wala harufu, tunauliza hiyo namba ya iodini. Ile nafasi ya kwenye mnyororo inayokunywa iodini, ukiyaacha wazi inakunywa hewa. Inakunywa, inakunywa, inashikana, inakuwa ngozi ngumu juu ya mbao. Mawese hata ukiyaanika mwaka hayakauki, namba yake ndogo. Hii, siku tatu. Wa mapishi hawaitaki, wa vipodozi hawaitaki. Sisi tulikuwa karibu kufunga kazi kwa kuikosa."

Twahiru alisikiliza mpaka mwisho. Hakuwa na njia nyingine.

"Ungekuja wewe mwenyewe, mzee, na ukasema tu, 'Nina madumu kumi na mbili, namba yake hii.' Hapa tuko mafundi ishirini na sita. Tungechanga, tungekutafutia gari. Na karatasi zake zote." Akamshika kidevu, akakigeuza kwenye mwanga, akaparuza kwa ukucha. Kililia kama meza. "Sharubu tutazitoa, usijali. Nina wembe."

Akaufungua wembe, akaupitisha mara moja shavuni. Ukapinda. Ganza aliutazama, akamtazama Twahiru, akaurudisha kabatini, akachukua msasa.